Timu ya Carlisle na Msimu wa Mpira wa 1907

Mchezo ambao Waamerika huuita mpira wa miguu si ule ujulikanao kwa jina hilo katika Afrika Mashariki. Miguu haitumiki sana. Mpira wenyewe si wa mviringo, bali umechongoka ncha mbili, na kazi kubwa ya mchezaji ni kuukumbatia na kupenya nao katika safu ya wapinzani hata aufikishe nyuma ya mstari wao wa mwisho. Kiswahili hakina istilahi zilizozoeleka za mchezo huu. Kwa hiyo katika makala haya kuufikisha mpira nyuma ya mstari kutaitwa goli la mstari, na kuupiga teke ukapita juu ya mwamba kati ya milingoti miwili kutaitwa goli la teke. Mwaka 1907 goli la mstari lilikuwa pointi 5, na teke la nyongeza lililolifuata pointi 1; goli la teke lilikuwa pointi 4. Hesabu hizo zilikuja kubadilishwa baadaye, na asiyezikumbuka hataelewa matokeo yatakayotajwa.

Mchezo huu ulizaliwa vyuoni. Tarehe 6 Novemba 1869 wanafunzi wa Rutgers na Princeton, 25 kila upande, walicheza mchezo uliokaribia soka kuliko huu wa sasa. Mwaka 1874 wanafunzi wa McGill kutoka Kanada walikwenda kucheza na Harvard, na wenyeji wao wakaipenda raga waliyoonyeshwa. Tangu 1880 Walter Camp wa Yale aliigeuza raga hiyo kidogo kidogo hata ikawa kitu kingine. Kwa miaka 25 iliyofuata mchezo ulikuwa ni wa nguvu tupu: watu wenye miili mikubwa walishikana, wakasukumana kama fahali, na mwenye mpira akaburutwa na wenziwe katikati ya rundo la watu. Vijana waliumia, na wengine wakafa. Katika Oktoba 1905 Rais Theodore Roosevelt aliwaita Ikulu wakuu wa mchezo wa Harvard, Yale na Princeton, akawataka wausafishe. Mwaka 1906 sheria mpya zilitoka. Timu ilitakiwa kusogea yadi 10, wala si 5 tena, katika majaribio yake matatu. Na kwa mara ya kwanza mchezaji aliruhusiwa kuurusha mpira mbele kwa mkono.

Vyuo vikubwa havikuipenda ruhusa hiyo. Mrusho ambao haukushikwa ulikuwa na adhabu kali, na walimu wengi waliuona kuwa ni kamari isiyowafaa watu wenye heshima. Timu iliyoonyesha kwa msimu mzima faida ya sheria hiyo ilitoka katika shule ambayo haikuwa chuo hata kidogo.

Shule hiyo ni ile ya wenyeji wa asili wa Marekani iliyokuwa katika mji wa Carlisle, jimbo la Pennsylvania. Yafaa kusema neno moja juu ya jina la watu hao. Columbus alidhani kuwa amefika Bara Hindi, akawaita watu aliowakuta kwa jina la huko; Wazungu wakaendelea na kosa hilo, na Kiswahili kikalirithi kiliposema Wahindi Wekundu, ingawa Mswahili, kuliko Mwingereza, alikuwa na sababu ya kujua Mhindi ni nani. Wao wenyewe hawakuwa na jina moja, kwa maana hawakuwa taifa moja. Kulikuwa na Walakota, Wacheyenne, Watuscarora, Walenape ambao Wazungu waliwaita Delaware, na mamia ya wengine, kila watu na lugha yao. Na lugha hizo ziligawanyika katika makundi yasiyo na udugu kati yao, zikapishana kuliko Kiswahili kinavyopishana na Kimasai.

Shule ilifunguliwa mwaka 1879 katika kambi ya jeshi iliyokuwa imeachwa. Mwanzilishi wake, Richard Henry Pratt, alikuwa mwanajeshi aliyepata kupigana na watu wa nyanda za magharibi. Itikadi yake aliitangaza waziwazi katika hotuba ya mwaka 1892: Uhindi ulio ndani ya mtu uuawe, ili mtu mwenyewe aokolewe. Watoto walichukuliwa mbali na wazazi wao, wakanyolewa nywele, wakavishwa sare za kiaskari, wakapigwa picha kabla na baada ya mageuzi hayo ili picha hizo zigawiwe kwa wafadhili. Luther Standing Bear, Mlakota aliyekuwamo katika kundi la kwanza, alisimulia katika kitabu chake cha 1928 jinsi walivyopewa majina: mwalimu aliandika maneno ubaoni, mtoto akapewa fimbo ya kuonyeshea, akaelekeza mahali fulani pasipo kujua alichoelekeza, na alichogusa kikawa jina lake.

Lugha zao zilikatazwa mchana na usiku. Iko barua ya mwaka 1881 ambayo msichana mmoja wa Kisiuksi alimwandikia Pratt kuungama kosa. Walikuwa mezani jioni, mwenzake akamsemesha kwa lugha yao, naye, kabla hajatambua, akajibu neno moja. Aliandika kuwa alihuzunika hata akashindwa kula. Neno moja tu. Wasomi wa Afrika Mashariki waliosoma katika shule ambazo mtoto alivikwa kibao shingoni kwa kusema lugha ya mama yake hawatahitaji maelezo marefu juu ya barua hiyo. Lakini hata wao huenda wakashangaa kuwa msichana huyo alijishtaki mwenyewe.

Mpira uliingia Carlisle bila kuitwa. Wanafunzi walianza kuucheza wenyewe, mmoja akavunjika mguu, na Pratt akaupiga marufuku. Kisha wanafunzi walimwendea kumwomba auruhusu tena. Kwa mujibu wa kumbukumbu zake, alikubali kwa masharti mawili: kwamba wasimpige mtu ngumi hata wao wakipigwa, na kwamba katika miaka michache wawe wamezishinda timu kubwa za nchi. Sharti la kwanza lilikuwa na hesabu ya siasa ndani yake. Mzungu akipiga ngumi ataitwa mkorofi. Mwenyeji akipiga ngumi itasemwa kuwa ushenzi umerejea, na shule nzima itahukumiwa kwa ngumi hiyo. Wachezaji wa Carlisle walilishika sharti hilo kwa kadiri kubwa, walakini hawakuwa malaika, na walichezewa rafu na watu ambao hawakuwa wamewekewa masharti.

Mwaka 1899 Glenn Warner aliajiriwa kuwa mwalimu wa mchezo. Aliondoka 1904 kwenda Cornell, akarudi 1907. Mtu huyu alikuwa na akili nyingi za mchezo na dhamiri iliyonyumbuka. Alipenda hila ambazo sheria ilisahau kuzikataza. Mwaka 1903, katika mchezo na Harvard, wachezaji wake waliuficha mpira ndani ya fulana ya Charles Dillon mgongoni, na Dillon akakimbia uwanja mzima hali wapinzani wanautafuta mpira. Carlisle walishindwa siku ile kwa pointi 12 kwa 11, na mpaka ulipoanza msimu wa 1907 walikuwa hawajapata kuishinda Harvard hata mara moja.

Vijana aliowakuta Warner mwaka 1907 walikuwa wepesi kuliko wapinzani wao, nao walikuwa watu wa mbio. Frank Mount Pleasant alikuwa Mtuscarora, mrukaji ambaye mwaka uliofuata alishindana katika Michezo ya Olimpiki ya London. Pete Hauser alikuwa Mcheyenne. Albert Exendine, aliyecheza pembeni mwa safu, alikuwa Mlenape kutoka Oklahoma; pembe ya pili ilikuwa ya William Gardner. Nahodha alikuwa Antonio Lubo, Mcahuilla wa California. Miongoni mwa wachezaji wa akiba alikuwako kijana wa Sac na Fox aliyekuwa bado hajulikani, jina lake Jim Thorpe. Warner aliona kuwa watu kama hao hawatashinda kwa kusukumana. Kwa hiyo aliwatawanya, akawafundisha kuuzungusha mpira hewani ili uende mbali na kwa unyofu, na akawazoesha kuanza kila mara kwa umbo moja, hata mpinzani asijue kama utakuja mrusho, teke au mbio.

Michezo ya kwanza haina haja ya kusimuliwa. Lebanon Valley ilifungwa 40 kwa 0, Villanova 10 kwa 0, Susquehanna 91 kwa 0. Penn State ikafuata kwa 18 kwa 5, Syracuse 14 kwa 6, Bucknell 15 kwa 0. Mambo yalianza hasa tarehe 26 Oktoba huko Philadelphia. Timu ya Pennsylvania ilikuwa na nguvu sana mwaka ule. Ilishinda michezo yake yote mingine. Watu zaidi ya 20,000 walihudhuria. Hauser alirudi nyuma, akasubiri kwa utulivu mpaka wenzake wamefika mbali, kisha akaurusha mpira mrefu uliozunguka kama pia. Mrusho kama ule, wa kukusudiwa, uliopimwa, ulikuwa kitu kigeni. Tangu hapo walinzi wa Pennsylvania hawakujua wasimame wapi: wakikaribia, mpira ulipita juu yao, wakirudi nyuma, wenye mbio walipenya chini. Mchezo ulikwisha 26 kwa 6.

Wiki moja baadaye, New York, mvua ilinyesha, mpira uliotota haukurushika, na Princeton ikashinda 16 kwa 0. Ndio mchezo pekee Carlisle waliopoteza mwaka ule. Habari hii yafaa kuzingatiwa na wale wasemao kuwa ushindi wa Carlisle ulitokana na kipaji cha kuzaliwa. Kipaji cha kuzaliwa hakiharibiwi na mvua ya siku moja. Ustadi wa mikono huharibiwa.

Tarehe 9 Novemba walikuwa Harvard. Hapo palikuwa na deni la miaka mingi. Mount Pleasant aliudaka mpira uliopigwa teke na Harvard, akawapita mmoja baada ya mmoja hata mstari wa mwisho, na jioni hesabu ilikuwa 23 kwa 15. Yawezekana kwamba wanafunzi wa Harvard hawakuuhesabu mchezo huo kuwa mkubwa kuliko ule wa kila mwaka na Yale. Kwa Carlisle ulikuwa ndio mkubwa kuliko yote: chuo kikongwe kuliko vyote vya nchi hiyo, chenye wana wa mawaziri na matajiri, kilikuwa kimeshindwa hadharani na vijana ambao watu wao hawakuhesabiwa hata kuwa raia. Sheria ya kuwafanya wenyeji wote wa asili kuwa raia wa Marekani haikutoka mpaka 1924.

Kisha walipanda treni kwenda magharibi. Carlisle walicheza michezo mingi ugenini, kwa kuwa mji wao mdogo haukuweza kuleta watazamaji wala fedha, na huenda hakuna timu ya wakati ule iliyofahamu vituo vya reli kuliko wao. Minneapolis waliishinda Minnesota 12 kwa 10. Tarehe 23 Novemba walikutana na Chicago, timu ya Amos Alonzo Stagg, mabingwa wa vyuo vya magharibi, ambao walikuwa hawajashindwa mwaka ule.

Stagg alikwisha kutambua kuwa mrusho hauna maana bila mpokeaji. Aliwaagiza watu wake wawaangushe Exendine na Gardner kila walipoondoka mahali pao, jambo ambalo sheria za wakati ule ziliruhusu. Kwa muda mrefu ilifaulu. Hauser alijibu kwa mguu: alipiga magoli matatu ya teke, yaani pointi 12. Lakini kisa kilichokumbukwa ni kingine, nacho Exendine mwenyewe alikisimulia mara nyingi katika maisha yake. Mpira ulipoanza alikimbia nje kabisa ya uwanja, akapita nyuma ya benchi la Chicago, akarejea uwanjani mbali mbele, mahali ambapo hapakuwa na mtu wa kumwangusha. Hauser alikuwa amengoja. Mpira ulimfikia Exendine akiwa peke yake, akaingia nao nyuma ya mstari. Hakuna sheria iliyokuwa imekataza. Baadaye ilitungwa sheria ya kukataza, na huo ni ushahidi bora wa jambo lililotendeka kuliko maneno ya magazeti. Carlisle walishinda 18 kwa 4. Katika michezo 11 walikuwa wameshinda 10, kwa pointi 267 dhidi ya 62.

Magazeti nayo yastahili kuangaliwa na mwanafunzi wa lugha. Waandishi wa siku zile hawakuweza kuandika juu ya Carlisle bila kutaja vita vya porini, shoka, na kuchuna ngozi za vichwa. Timu nyingine ilishambulia, Carlisle walivamia. Timu nyingine ilishinda kwa akili. Carlisle walishinda kwa ujanja, na tofauti kati ya maneno hayo mawili ndiyo tofauti yote. Mauaji ya Wounded Knee, ambako jeshi liliwaua Walakota wengi pamoja na wanawake na watoto, yalitokea Desemba 1890, yaani miaka 17 tu kabla ya msimu huu. Mtu aliyekuwa akiandika kwa mzaha juu ya ngozi za vichwa mwaka 1907 alikuwa akiandika juu ya wajomba na mama za wanafunzi wa shule hiyo. Walakini picha hiyo ndiyo iliyouza tiketi, wala shule haikuikataa. Hapo panaonekana ukinzani wa Carlisle: ndani ya ua Uhindi uliadhibiwa, na nje, penye lango la uwanja, uliuzwa.

Fedha zilikuwa nyingi. Ziliingia katika mfuko wa michezo uliokuwa chini ya Warner na wenziwe, na baadhi yake zilijenga majengo ya shule; baadhi ziliwafikia wachezaji. Mlalamikaji wa kwanza aliyesikika sana hakuwa mtu wa Harvard. Alikuwa Carlos Montezuma, Myavapai, daktari wa Chicago aliyepata kuwa mganga wa Carlisle na rafiki wa Pratt. Katika Novemba hiyo hiyo ya 1907 aliandika katika gazeti la mjini mwake kwamba wachezaji wengi si wanafunzi wa kweli bali ni watu wanaolipwa. Ni vigumu kumpinga kwa mambo aliyoyataja. Ni vigumu pia kutoona kwamba vyuo vingine navyo vilikuwa na wachezaji wa namna hiyo, na kwamba aliyedaiwa usafi zaidi alikuwa ni yule yule aliyewekewa masharti ya ngumi. Mambo ya mfuko huo yaliendelea kunung'unikiwa mpaka 1914, wanafunzi zaidi ya 200 walipotia sahihi ombi la kuitaka Serikali ichunguze uendeshaji wa shule. Aliyeliongoza ombi hilo alikuwa Gus Welch, mchezaji wa timu. Bunge lilifanya uchunguzi, msimamizi wa shule akaondolewa, Warner akaondoka mwaka uliofuata, na mwaka 1918 shule ikafungwa.

Yabaki swali la lugha. Wako wapendao kudhani kuwa vijana hao waliitana uwanjani kwa lugha zao ili wapinzani wasielewe. Lakini Mtuscarora na Mcheyenne na Mcahuilla wangesemeshana kwa lugha gani? Lugha iliyowaunganisha ilikuwa Kiingereza, kile kile walicholazimishwa. Pratt alikusudia kuwa Kiingereza kiwayeyushe, kila mmoja peke yake, katika umati wa Waamerika. Kilichotokea ni tofauti: watoto wa mataifa yaliyokuwa mbalimbali, na mengine yaliyopata kupigana, walipata lugha moja ya kuelezana mambo yaliyowapata, na kwa lugha hiyo wakajiona kuwa ni watu wamoja. Mnamo 1911, ulipoanzishwa umoja wa wenyeji wa asili wenye kushirikisha mataifa mengi, waliosoma katika shule za namna hii walikuwa miongoni mwa viongozi wake. Wanaojua jinsi Kiswahili kilivyotumika katika harakati za kudai uhuru wa Tanganyika wataona pana mfanano. Ila Kiswahili hakikuwadai wasemaji wake waziue lugha zao kwanza, na tofauti hiyo si ndogo.

Kwa maana gharama ilikuwako. Mount Pleasant alikwenda Dickinson, chuo kilichokuwa katika mji ule ule, akapata shahada 1910. Exendine alisoma sheria huko huko, kisha akafundisha mpira katika vyuo vingi. Thorpe alipata medali mbili za dhahabu Stockholm mwaka 1912, akanyang'anywa 1913 kwa sababu alikuwa amepokea malipo madogo kwa kucheza mchezo mwingine. Alirejeshewa 1982, miaka 29 baada ya kufa kwake, na 2022 ndipo alipotambuliwa kuwa mshindi pekee. Lakini lugha hazikurejeshwa pamoja na medali. Sheria ya Marekani ya kulinda lugha za wenyeji ilitoka 1990. Kilenape cha kusini, lugha ya wazee wa Exendine, kilipoteza msemaji wake wa mwisho aliyeikulia mwaka 2002, naye alikuwa wa Oklahoma vilevile. Tangu hapo wenye lugha wamekuwa wakiifundisha upya kutoka katika maandishi na sauti zilizonaswa.

Katika uwanja wa shule ya zamani, ambao ulirudishwa mikononi mwa jeshi, yako makaburi ya watoto waliofia huko. Tangu 2017 jeshi limekuwa likifukua mabaki na kuyarudisha kwa jamaa zao. Mwaka 2021 watoto tisa walirudishwa kwa Walakota wa Rosebud, walikotoka wengi wa kundi la kwanza. Baadhi ya mawe ya makaburi yana majina ya Kiingereza tu, yale yaliyochaguliwa ubaoni kwa fimbo, na jamaa waliokuja kuwachukua watoto wao iliwapasa kwanza kutambua ni jina la nani.